Mpishi Aliyeomba Afukuzwe

Kaka yangu aliishtaki serikali ili imfukuze kazi. Kila ninayemwambia hivi hucheka kwanza, nami humwacha acheke mpaka amalize, halafu namwambia akae nimsimulie vizuri.

Mimi ni msusi. Kibanda changu kiko nyuma ya soko la nguo: viti viwili, kioo chenye ufa, na benchi la wanaongoja zamu. Kusuka ni kazi ya mikono, mdomo unabaki hauna shughuli, na wangu haujazoea hivyo. Ndiyo maana haya nayasema mimi. Kaka mwenyewe ukimuuliza atakwambia, "Yamepita hayo," kisha atakuuliza kama umekula.

Yeye ni mpishi wa hospitali ya serikali. Usifikirie kofia ndefu nyeupe. Jiko lao liko nyuma ya chumba cha kufulia mashuka, masufuria yake mtu mzima anaweza kuogea ndani, na sakafu haikauki mwaka mzima. Wodi zote alizipikia pamoja na wenzake, lakini wodi ya watoto aliipikia kwa mkono wake na hakumwachia mtu. Ana sababu. Kati yangu na yeye alikuwepo mtoto mwingine, wa kiume, aliyelazwa kwa utapiamlo katika wodi kama ile tulipokuwa wadogo. Maziwa yalikwisha. Muuguzi akamwambia mama asubiri, yako njiani. Mama akasubiri na mtoto mapajani, mtoto akafa yeye akiwa anasubiri. Kaka alikuwa amesimama mlangoni, ameona yote. Alipokua akatafuta kazi ya jikoni hospitalini, akaipata, akatulia nayo kama mtu aliyefika kwao.

Basi siku moja katoni za maziwa ya unga ya wodi ya watoto hazikuonekana stoo. Ufunguo wa stoo ulipita mikononi mwa watu watatu, na kati ya hao watatu kaka peke yake ndiye asiye na mjomba ofisini. Akapewa barua. Amesimamishwa kazi kupisha uchunguzi, mpaka uamuzi utakapotolewa.

Hakufukuzwa. Hapo pasikie vizuri, kwa sababu ndipo penye uchafu wote. Kwa utaratibu wao, aliyesimamishwa bado ni mtumishi wao: haruhusiwi kuajiriwa kwingine, haruhusiwi kutoka nje ya mji bila ruhusa, na kila Jumatatu lazima afike getini asaini kwamba yupo. Kaka alikuwa ananyoosha shati, anatembea mpaka hospitali, anasaini, mlinzi anampa pole, anarudi nyumbani. Harufu ya jiko lake anaisikia akiwa nje ya ukuta, na anajua kabisa leo wameunguza maharage.

Kamati ikaundwa. Ikamhoji yeye, ikawahoji wengine, ikampelekea mkurugenzi ripoti ambayo sisi hatukuonyeshwa, ikatawanyika. Kilichobaki ni uamuzi wa mkurugenzi.

Sasa huyo mkurugenzi. Angekuwa mtu mbaya waziwazi ningemtukana nikapumua. Lakini alikuwa mwungwana, na uungwana wake ndio ulionitia kinyaa. Tulikwenda kumwona, mimi, kaka na mjomba wetu mkubwa, baada ya mwaka wa kwanza kupita kimya. Akainuka kitini. Akashika mkono wa mjomba kwa mikono yake miwili. Akauliza habari za nyumbani, za watoto, za mgongo wa mjomba ambao hata hakuwa ameambiwa unauma. Akaagiza soda. Kisha akasema, "Mzee wangu, jambo lenu liko mezani kwangu. Tunalifanyia kazi." Tukatoka pale mjomba anamsifu njia nzima, mtu wa watu yule, hana makuu, laiti wakubwa wote wangekuwa hivi. Mimi nilitembea nyuma yao na ile soda tumboni nikajihisi nimekunywa maji ya kuoshea vyombo. Tulipakwa mafuta kwa mgongo wa chupa, na mjomba wangu anashukuru kwa kung'aa.

Tulirudi tena, na tena. Kila safari soda, kila safari mikono miwili, kila safari tunalifanyia kazi. Nikaacha kumwita mkurugenzi. Nyumbani tukawa tunamwita Tunalifanyia Kazi, hata watoto wa kaka wakalishika. Na polepole nikamwelewa. Mtu yule hakuwahi kumwambia mtu hapana katika maisha yake. Ukisema ndiyo, kesho unaulizwa kwa nini ulisema ndiyo. Ukisema hapana, mtu anakata rufaa. Lakini ukisema tunalifanyia kazi, nani atakukamata? Amekaa kwenye kiti hicho miaka yote hajakosea hata mara moja, kwa sababu hajafanya kitu.

Huku mtaani watu nao walikuwa na uamuzi wao tayari. Lisemwalo lipo, walisema, na kama halipo laja. Walioishiwa methali wakasema hakuna moshi bila moto. Watoto wakampa jina, Maziwa. Anapita, wanaita Maziwa, wanakimbia. Wifi yangu, mke wa kaka, alibeba nyumba mgongoni kwa kuuza mkaa, na baadhi ya wateja wakawa wanamuuliza kwa utani kama ana maziwa pia. Aliwajibu vizuri, wifi yangu ana ulimi, sisi wawili tukikutana hata nzi hawatui. Lakini jioni nilimkuta zaidi ya mara moja amekaa kwenye gunia, hajawasha taa.

Hayo yote kaka aliyavumilia. Lililomvunja ni mama.

Mama alikuwa anaishi kwangu, nyumba ya pili kutoka kwa kaka. Tangu zamani, kila asubuhi kabla ya kwenda kazini, kaka alimletea uji alioupika mwenyewe. Mama alikuwa hali kitu asubuhi ila huo. Siku ile barua ilipotoka, kesho yake kaka akaja na bakuli kama kawaida. Mama akalitazama. Akasema, "Weka hapo, Mungu akubariki." Kaka akaweka, akaondoka. Mama hakuligusa. Nikamuuliza, akaniambia hajasema kama mwanawe ameiba. Hajasema. Ila maziwa yale ni ya watoto wagonjwa, na yeye anajua mtoto anavyokufa maziwa yakikosekana. Basi wanaochunguza wachunguze, waseme, na wakisema hakuiba atakula. Kabla ya hapo chakula cha mkono ule hakipiti kooni.

Nilimwambia, "Mama, huyu ni mwanao." Akaniambia, "Ndiyo maana."

Na kaka, mtu wa ajabu, hakuacha kuleta. Kila asubuhi, miaka sita, bakuli lile lile la bati lenye mfuniko. "Shikamoo mama." "Marahaba, weka hapo." Uji nilikunywa mimi, maana kumwaga chakula ni dhambi, na ulikuwa uji mtamu, laini, hauna hata donge moja. Nilinenepa kwa aibu ya watu wengine. Kaka hakuwahi kumbishia mama hata siku moja. Alisema mama ana haki ya kungoja, kosa ni la anayemngojesha.

Mwaka wa sita mama akaanza kuvimba miguu. Daktari akasema ni moyo, tumpumzishe, tusimuudhi, na mambo mengine wasemayo madaktari wakiwa hawana la kusema. Kaka aliposikia hivyo alibadilika. Kabla ya hapo alikuwa mtu wa subira yavuta heri. Sasa nikamsikia kwa masikio yangu akisema ngoja ngoja huumiza matumbo. Alikuwa na hofu moja tu: mama afe bila kuambiwa. Azikwe na swali.

Mungu naye ana njia zake, akaniletea kichwa cha wakili. Dada mmoja mdogo wa umri, nywele nyingi kama kichaka, anataka misuko myembamba ya kufika kiunoni. Hiyo ni kazi ya tangu asubuhi mpaka jua linapinda, na mtu aliyeshikwa kichwa hana pa kwenda. Nikamsimulia yote. Alisinzia mwanzoni, nikamvuta kidogo kwenye utosi, akaamka. Nilipofika kwenye kusaini kila Jumatatu aligeuka ghafla nusura aniharibie mstari. Akauliza kama mkurugenzi amewahi kuandika kukataa. Nikasema huyo hajawahi kukataa hata karanga. Akasema basi hilo ndilo tutakalompeleka nalo mahakamani.

Kaka alikuja kibandani kumsikiliza. Yule dada akamweleza bila kumpamba. Mahakama haiwezi kumwambia mkurugenzi aamue nini. Kazi hiyo sheria imempa yeye. Ila akiikalia, mahakama inaweza kumwamuru aamue. Aamue tu, basi.

"Na akiamua kwamba mimi ni mwizi?" kaka akauliza.

"Utakuwa na kitu cha kukatia rufaa. Sasa hivi huna hata hicho."

Kaka akatoka nje. Nilimwona akisimama kando ya mtaro mrefu wa soko, mikono mgongoni, anatazama maji machafu yanavyopita. Aliporudi akasema, "Andika. Andika kwamba akitaka kunifukuza anifukuze. Ila aseme."

Yule dada akaandika hivyo hivyo, kwa lugha yao: mkurugenzi aamriwe kumrejesha kazini au kumfukuza. Malipo tulielewana, nitamsuka mpaka mmoja wetu azeeke. Na ombi lilipofika masijala, makarani wakalisoma kwa sauti, wakaitana, wakacheka mpaka wakashika mbavu. Mpishi anaomba afukuzwe. Nilikuwa nimesimama dirishani. Nikawaambia wacheke vizuri, kwao hakuna mtu anayengoja kitu, na mmoja wao akawa na haya kidogo, akagonga muhuri.

Kesi ikaanza kupigwa kalenda. Mara wakili wa serikali anaumwa. Mara faili halionekani, limeonekana, limekosa karatasi. Mara mkurugenzi yuko safari ya kikazi. Halafu likaja jibu lake la maandishi, na unajua lilisema nini? Jambo linafanyiwa kazi. Ndani ya mahakama, mbele ya jaji, chini ya kiapo. Nilitoka kwenda kushika ukuta wa nje.

Jaji alikuwa mama wa makamo, mwenye kikohozi na sauti ya chini inayokulazimisha uache kunong'ona. Akasoma lile jibu, akavua miwani, akasema anamtaka mwenyewe, kwa miguu yake.

Akaja. Suti nzuri, uso mzuri, akatusalimia sote kwa kuinamisha kichwa kabla hajapanda kizimbani. Wakili wetu, na misuko yangu kichwani, akamuuliza kamati ile ilifikia wapi. Akajibu, bila hata kubadilika rangi, kwamba kamati ilimaliza kazi yake vizuri kabisa. Ilibainika maziwa hayakuibwa. Yalishushwa kimakosa kwenye ghala la kituo kingine, na yalipatikana huko. Kwa hiyo kamati haikumwona mpishi na hatia yoyote.

Mimi nilidhani nimesikia vibaya. Kaka hakugeuka.

Jaji akauliza, "Hilo lilibainika lini?"

"Mwaka ule ule, Mheshimiwa."

"Na kwa nini hukutia sahihi?"

Akafikiri kidogo. Naapa hakuwa anatafuta uongo. Alikuwa anatafuta namna ya kutueleza jambo ambalo kwake lilikuwa la kawaida. "Mheshimiwa, kumrejesha kungeleta maswali, nani alimtuhumu na kwa nini. Kumfukuza kusingewezekana, hana kosa. Nikaona ni busara kusubiri."

"Kusubiri nini?"

"Kusubiri tu, Mheshimiwa."

Ukistaajabu ya Musa utayaona ya Firauni. Nimeishi, nimewaona wezi, nimewaona walevi, kuna mwanamume aliwahi kuniibia mkasi nikiwa namsuka mkewe, lakini sijawahi kuchukizwa na mtu kama nilivyochukizwa na yule. Mwizi ana njaa, mlevi ana kiu. Huyu hakuwa na kitu. Alimjua kaka hana hatia, alimpa soda, alimshika mkono kwa mikono miwili, akamwacha aende getini kusaini kila Jumatatu, akamwacha aitwe Maziwa na watoto, na usiku alilala usingizi kwa kuwa aliona ni busara.

Jaji hakumgombeza. Alikohoa, akaandika, akasoma: uamuzi utolewe ndani ya siku saba, kwa maandishi, apewe mwombaji mkononi. Akafunga faili akatoka.

Kwenye korido mkurugenzi akatufuata. Akamshika kaka mkono, mikono miwili kama kawaida yake, akatabasamu, akasema, "Mzee wangu, unaona sasa? Nilikwambia tunalifanyia kazi." Kaka, ambaye sijawahi kumwona akimkosea mtu adabu tangu nizaliwe, akauchomoa mkono wake polepole, akaufuta kwenye suruali. Mbele na nyuma, akaufuta vizuri. Kisha tukaondoka.

Barua ilitoka siku ya mwisho kabisa ya zile siku saba, jioni, ofisi zikifungwa. Mistari miwili. Hana hatia, anarejeshwa kazini. Hakuna pole, hakuna samahani, kuna sahihi kubwa yenye mkia.

Asubuhi yake kaka akaja na bakuli la uji mkono mmoja na barua mkono wa pili. Mama alikuwa kitandani, nimemwekea mito mgongoni, maana kulala chali pumzi zilikuwa zinamkata. Wifi naye alikuja, akasimama mlangoni na weusi wa mkaa mikononi. Macho ya mama yalikuwa hayasomi tena, nikamsomea mimi. Nilisoma mara mbili kwa kuwa ilikuwa fupi na niliona haimtoshi.

Mama akauliza, "Walijua lini?"

Nikataka kudanganya. Nilikuwa na uongo tayari mdomoni, mzuri, wa juzi juzi tu mama, ndiyo kwanza wamegundua. Kaka akaniwahi. Akasema, "Mwaka ule ule, mama."

"Sasa kilichokuwa kinangojwa ni nini?"

"Sahihi."

Mama akatikisa kichwa kama anayesikiliza kitu mbali. Mkono wake ukawa unapapasa shuka, unalikunja, unalikunjua. Nilidhani atamlaani yule bwana, na mimi nilikuwa nimejiandaa kumsaidia, laana ninazo nyingi.

"Na mimi?" akasema. "Mimi nilikuwa nangoja nini?"

Akamgeukia kaka.

"Yule ni mtu wa ofisi, hakujui. Mimi nimekuzaa. Nilijua tangu siku ya kwanza kwamba hukuiba. Nilijua. Nikasema ngoja waseme wao."

Kaka akapiga magoti kando ya kitanda akamwambia hapana mama, usiseme hivyo, ulikuwa na haki yako. Mama akamwambia anyamaze. Akanyoosha mkono kuelekea lile bakuli, hakuweza kulifikia.

"Nipe," akasema. "Nisikungojeshe tena."

Kaka akafunua, akachota kijiko, akakipuliza. Cha kwanza kilimwagika nusu kidevuni, akampangusa kwa kidole. Cha pili mama alikimeza. Cha tatu akakishika mdomoni muda mrefu, machozi yanamtiririka mpaka kwenye uji, na koo lile la moyo mgonjwa halikukubali, akaurudisha uji kwenye kijiko, akamwomba kaka amngoje kidogo. Kaka akasema hana haraka. Wifi aligeukia ukutani. Mimi nikatoka uani, kwa sababu nilitaka kutukana, na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu sikujua nimtukane nani.